SOMO: Kukutanisha mbwa wako na wa mwenzio wacheze bila kutoana damu

Naandika mara moja, maana kila wiki meseji ni zilezile. Niko Raskazone hapa Tanga, ninao wawili.

1. Chanjo. Ya kichaa kila mwaka, na ya parvo, ule ugonjwa wa kuharisha damu. Hana kadi, haji.

2. Anza na mbwa wawili tu. Jike akiwa kwenye joto, yaani anataka dume, abaki home.

3. Asubuhi mapema au jioni, joto letu mnalijua, na mbwa hapoi kwa jasho kama sisi, anahema tu. Maji yawepo.

4. MAHALI. Hapa niliharibu. Nilimwambia jamaa alete wake kwangu, nikafungua geti, wangu akaona kavamiwa kwake, na kumbe chini ya mwembe kuna mfupa wa mbuzi wa jana, mimi sikuuona wao wakauona, dakika haijaisha wameshashikana na mimi kwa ujinga nikaingiza mkono. Aliyening'ata ni wangu mwenyewe! Sabuni na maji ya bomba dakika 15, kisha hospitali, sindano zaidi ya moja. Sasa sikilizeni: wakutane NJE kwanza, barabarani pasipo pa mtu, mtembee sambamba mmeachana hatua kumi hivi, msogeleane taratibu mpaka wanusane nyuma. Kamba ilegee, ukiivuta anajua kuna hatari. Ndo muingie wote pamoja, na uwani pasiwe na mfupa, bakuli la chakula wala mpira wake. Wakishikana mwagia ndoo ya maji, mkono weka mfukoni.

5. Dakika 20 zinatosha siku ya kwanza.

MASWALI

Mdau wa Pongwe: Mkuu, wangu hajachanjwa ila hatoki nje kabisa, naweza kumleta?
— Namba 1.

Mdau wa Chumbageni: Mnawadekeza, mi nawaacha wamalizane wenyewe.
— Sawa kaka, na bili ya daktari wa mifugo wamalizane nayo wenyewe. Mi nimeshonwa, wewe bado.

Dada wa Sahare: Samahani kaka, wangu ananguruma sana akicheza, ntajuaje kama ni ugomvi?
— Swali zuri dada. Mchezo mwili unakuwa legelege, anainama mbele matako juu, leo anakimbiza kesho anakimbizwa. Akikakamaa, mdomo kafunga, macho kamkazia mwenzie, waite kabla hawajarukiana. Ukiwa na shaka mshike anayeonea, yule mwingine akimfuata tena mwenyewe basi walikuwa wanacheza.

Mdau wa Ngamiani: Ufukweni je?
— Alfajiri watu wachache ndo pazuri, ila kamba mkononi. Kuna mzee anapita pale akitoka msikitini, mbwa akimgusa na mate inabidi aoshe mara saba, mojawapo kwa udongo, usimtie kazi hiyo. Tukimuona tunapisha, siku hizi ananisalimia yeye kwanza.

Dada wa Sahare: Na kupe wa kwenye majani kaka? Nimeambiwa nipake mafuta ya taa.
— Hapana dada, yanamuunguza ngozi na akijilamba ni sumu. Mkague masikioni na kati ya vidole, mng'oe kwa kibano karibu na ngozi, usimpasue. Dawa ya kuogeshea nunua duka la mifugo, na vipimo ufuate vya kwenye chupa, sio vya jirani.