Kabla hujaandika "ukaidi" kwenye muhtasari

Mdogo wangu, umeshachaguliwa katibu, sasa kalamu polepole. Vikao vya sisi wachuuzi wa dagaa hapa soko la Mwaloni Kirumba, Mwanza, vina kelele, na anayegoma kushusha bei hupachikwa jina la mkaidi chai haijapoa. Usiliandike hilo jina.

Kwanza jiulize: kuna aliyemwamuru? Ukaidi unataka amri, au walau agizo la mwenye haki ya kuagiza. Mtu akatazwe kuvua kwa nyavu haramu, kisha aingie nazo ziwani: andika "amekaidi katazo" bila kusita. Usiishie kwenye "amekaidi" tupu, msomaji atauliza amekaidi nini. Mtoto humkaidi mama yake. Ila tajiri wa mtumbwi aliyekataa kupunguza bei ya gunia, dagaa ni wake, na mbalamwezi imesimamisha uvuvi hata dagaa wameadimika, kamkaidi nani? Sokoni tutasema amekomaa, ametia ngumu, na ukisimulia nyumbani sema hivyo hivyo. Kwenye daftari andika "ameshikilia msimamo wake", halafu taja na bei aliyoing'ang'ania.

Ubishi ni kitu kingine kabisa. Mbishi lazima aongee. Aliyekunja mikono kimya kikao kizima si mbishi, hata akiwa mgumu namna gani. Tena wako wabishi ambao mwishoni hukubali kila kitu. Walitaka maneno tu. Utawajua wenyewe, siwataji.

"Kichwa ngumu" liache. Huitwa hivyo pia mtu asiyeelewa upesi, utakuwa umemtukana. "Shingo ngumu" waachie wahubiri.

Zito kuliko yote ni inda. Mwenye inda hukataa ili mwenzake aumie, hata kama yeye hapati kitu. Kichanja chake kitupu, jirani hana pa kuanika, dagaa wabichi wanaanza kunuka, naye anasema hapana. Inaonekana wazi, lakini huenda kuna deni la zamani kati yao usilolijua. Kwa hiyo inda usiiandike mpaka atamke mwenyewe, "Bora waoze." Hapo nukuu maneno yake, neno inda wataliweka wasomaji.

Ukimaliza msomee mhusika kabla hajaondoka. Akijibu, "Ndiyo, nilikataa, na bado nakataa," mpe kalamu asaini.