Namna ya kufuatilia kazi ya mwigizaji msaidizi wa filamu za mwanzo za sauti: mfano wa Theresa Harris

Nyota wa Hollywood wa 1929 hadi 1934 wameandikwa vya kutosha. Waliocheza kando yao, hasa wanawake weusi waliopewa nafasi za utumishi wa nyumbani, mara nyingi hawakutajwa hata kwenye filamu zenyewe. Kwa hiyo usianze na orodha uliyoikuta mtandaoni. Anza na filamu.

Andaa jedwali la safu nane: jina la filamu, studio, mwezi na mwaka wa kutolewa, jina la mhusika, kama mwigizaji ametajwa au la, dakika anapoingia, dakika anapotoka, na nakala uliyotazama. Safu ya mwisho ndiyo inayorukwa sana, nayo ndiyo inayoharibu kazi.

Mchukue Theresa Harris, mwigizaji mweusi wa Marekani, katika Professional Sweetheart ya studio ya RKO, 1933. Ni mtumishi aitwaye Vera, na hadithi inamfikisha mpaka kuimba redioni mahali pa mhusika wa Ginger Rogers. Hata hivyo hakutajwa. Ukihesabu majina yaliyotajwa tu, nafasi hiyo yote inapotea. Pima kwa sekunde anazoonekana na sentensi anazosema. Tazama kila filamu mara mbili, ya pili ukiwa umezima sauti. Mtumishi huwekwa pembeni mwa picha, na sikio likishika maneno ya nyota, jicho nalo humfuata huyo huyo nyota. Kwenye nyimbo uwe mwangalifu: sauti inaweza kuwa ya mtu mwingine. Katika filamu hiyo hiyo, Etta Moten ndiye aliyemwimbia Rogers.

Sasa nakala. Baby Face ya Warner Bros. ilitolewa Julai 1933 baada ya wadhibiti wa jimbo la New York kuikataa ilivyokuwa. Harris ni Chico, rafiki anayesafiri na mhusika wa Barbara Stanwyck na kuimba St. Louis Blues. Nakala isiyokatwa ilipatikana 2004 katika hazina ya Maktaba ya Bunge la Marekani: dakika 76, dhidi ya 71 za ile iliyokatwa. Lakini usitambue nakala kwa urefu peke yake. Diski za mfumo wa Ulaya huendesha picha 25 kwa sekunde badala ya 24, kwa hiyo dakika 76 huwa kama 73, na sauti hupanda kidogo. Kipimo cha uhakika ni fundi viatu mzee wa filamu hiyo: katika nakala kamili anamhimiza Lily, yaani mhusika wa Stanwyck, kwa maneno ya mwanafalsafa Nietzsche, awatumie wanaume, katika iliyokatwa anamwonya kuhusu njia njema na njia mbaya. Usichanganye dakika za nakala hizo mbili katika mstari mmoja.

Filamu za 1929 zina tatizo lake. Katika Thunderbolt ya mwaka huo Harris ni mwimbaji wa klabu, lakini siku hizo studio zilitoa pia nakala bubu kwa kumbi zisizo na spika. Mwimbaji katika nakala bubu amepokonywa kazi yake. Filamu za mfumo wa sauti wa Vitaphone nazo zilibeba sauti kwenye santuri za inchi 16, moja kwa kila gombo la filamu la kama dakika 11. Santuri ikipotea, picha hubaki bila sauti. Andika kilichopotea, usikadirie.

Kwa uthibitisho wa nje, pekua California Eagle, Pittsburgh Courier na Chicago Defender, magazeti ya watu weusi yaliyowafuatilia waigizaji hawa wakati magazeti ya studio yakiwapita. Tafuta kwa Theresa na kwa Teresa pia. Tangazo la kwamba amechaguliwa si ushahidi kwamba alionekana: sehemu yake huenda ilikatwa.

Tarehe ya kuzaliwa iache mwisho. Kwa Harris utakuta 31 Desemba 1906 na 31 Desemba 1909. Sensa ya Marekani hufunguliwa baada ya miaka 72, na ile ya Aprili 1910 inaweza kumaliza ubishi: kwa mwaka wa kwanza angekuwa na miaka 3, kwa wa pili mtoto wa miezi mitatu. Mpaka uone ukurasa wenyewe, andika miaka yote miwili.