Somo: Namna ya kutambua nyambizi ni ya daraja gani kabla hujaingia kwenye ubishi

Wakuu, kila kukichafuka kule Ghuba au Bahari Nyeusi, humu hujaa picha za nyambizi na ubishi unaanza: hii inaizidi ile. Mara nyingi watu wanapambanisha vyombo ambavyo havikuundwa kwa kazi moja. Daraja ni kundi la nyambizi zilizoundwa kwa ramani moja. Ukikutana na nyambizi kwenye habari, ipeleleze kwa mpangilio huu. Jina acha lije baadaye.

Hatua ya 1: Inatumia injini gani?

Nyambizi za dizeli huchaji betri zikiwa juu ya maji, au zikiwa zimechomoza bomba la hewa tu, kisha zikizama zinatembea kwa umeme. Zile za Wajerumani za Type VII, zilizoundwa takriban 700, kwa kweli zilikuwa meli za juu zenye uwezo wa kuzama: kilomita 32 kwa saa juu, kama 14 tu chini. Mwishoni mwa Vita vya Pili vya Dunia wakatoa Type XXI, yenye betri nyingi na umbo laini, ambayo ilikwenda kasi zaidi chini kuliko juu. Vita vilipoisha, Wamarekani na Wasovieti wote wawili walizichukua wakazichunguza kwa makini.

Kisha ikaja nyuklia. USS Nautilus iliingia kazini mwaka 1954, na tarehe 3 Agosti 1958 ikapita chini ya barafu ya Ncha ya Kaskazini. Kinu cha nyuklia hakihitaji hewa, kwa hiyo kinachoilazimisha nyambizi kurudi bandarini ni chakula cha mabaharia.

Kundi la tatu watu hulisahau. Gotland ya Sweden, ya mwaka 1996, ni ya dizeli lakini ina injini za Stirling zinazotumia oksijeni iliyobebwa humo humo, hivyo hukaa chini wiki kadhaa bila kuchomoza. Mwaka 2005 Marekani, taifa lenye nyambizi za nyuklia tupu, iliikodi pamoja na mabaharia wake ili ijifunze kuisaka. Kwa hiyo anayesema dizeli ni za kizamani, msamehe tu.

Hatua ya 2: Imeundwa kwa kazi gani?

Herufi za Kimarekani zinasaidia. SSN ni ya nyuklia ya kusaka meli na nyambizi nyingine. SSBN hubeba makombora ya balistiki, na kazi yake yote ni kujificha. SSGN hubeba makombora ya kruzi. Daraja la Ohio lilikuwa na nyambizi 18, zote SSBN, kisha 4 zikabadilishwa kuwa SSGN, kila moja ikibeba makombora ya kruzi ya Tomahawk hadi 154. Daraja moja, kazi mbili.

Hatua ya 3: Jina limetoka kwa nani?

Hapa ndipo wengi wanapopigwa chenga. Wamarekani huliita daraja kwa jina la nyambizi ya kwanza. Wajerumani hutumia namba. Wasovieti walikuwa na namba za mradi, lakini NATO ikawapachikia majina yake kwa herufi za redio: Foxtrot, Kilo, Victor. Herufi zilipokaribia kuisha, ikachukua neno la Kirusi, Akula. Tatizo ni kwamba Warusi wenyewe tayari walikuwa na Akula yao.

Akula ya NATO ni Mradi 971, nyambizi ya kusaka, yenye urefu wa mita 110 hivi. Akula ya Warusi ni Mradi 941, ile ambayo NATO inaiita Typhoon: mita 175, tani 48,000 ikiwa imezama, makombora 20 ya balistiki, na ndani kulikuwa na sauna. Haijaundwa nyambizi kubwa kuliko hiyo. Nimeshaona watu wakitukanana kurasa tatu kuhusu Akula, kila mmoja na yake. Andika namba ya mradi.

Hatua ya 4: Ni toleo gani?

Mfano ni daraja la Los Angeles la Marekani: ziliundwa 62, zikaingia kazini kuanzia 1976 hadi 1996. Angalia mnara wake, ule uliosimama juu ya mgongo. Ukiona mabawa ya kupandia na kushukia yametokeza ubavuni mwa mnara, hiyo ni ya zamani. Kuanzia USS San Juan mabawa yalihamishiwa puani ili mnara uweze kuvunja barafu.

MASWALI YA WANACHAMA

*Mkuu, Afrika nani anazo?*

Algeria ina Kilo. Misri na Afrika Kusini zina Type 209, ambayo Ujerumani iliiunda kwa ajili ya kuuza nje. Jeshi lake lenyewe halikuwahi kuitumia. Tatu za Afrika Kusini zina majina ya wanawake: Manthatisi, Charlotte Maxeke na Queen Modjadji. Kambi yao ni Simon's Town. Ila kumiliki si kusafiri: kwa uhaba wa fedha za matengenezo, zimekaa gatini miaka mingi.

*Za Iran ni za nyuklia?*

Hapana. Ilinunua Kilo tatu, ambazo ni za dizeli, kutoka Urusi miaka ya 1990, ikaziita daraja la Tareq. Kwa kuwa Ghuba ina kina kifupi, ikaunda pia vijinyambizi vya Ghadir, vya mita 29 hivi.

*Huku kwetu nyambizi ziliwahi kuleta madhara?*

Sana. Mwanzoni mwa Februari 1944 meli ya Khedive Ismail iliondoka Kilindini kuelekea Colombo. Tarehe 12, karibu na Maldives, ikapigwa torpedo na nyambizi ya Japani I-27, ikazama kwa dakika mbili hivi. Walikufa karibu watu 1,300, wengi wao wakiwa wa kikosi cha 301 cha mizinga cha Afrika Mashariki.

*Hiyo I-27 ilikuwa daraja gani?*

B1, ya dizeli, yenye urefu wa mita 108 na uwezo wa kuvuka bahari nzima. Kambi yake ilikuwa Penang. Siku ile ile manowari za Uingereza, Paladin na Petard, ziliilazimisha kuibuka kwa mabomu ya chini ya maji, na Petard ikaimaliza kwa torpedo.