Kutembea bwawa la Nyumba ya Mungu: fuateni saa za wavuvi

Shule zikifungwa tu, simu zinaanza: "Shangazi, tunataka kwenda bwawani na watoto, tunafanyaje?" Mimi Nyumba ya Mungu nafuata perege wa kuuza Moshi, si matembezi. Lakini kwa kuwa naulizwa mimi, jibu langu ni moja: nendeni kwa saa za wavuvi. Mkifika saa saba mchana na muziki kwenye gari, mtakuta jua kali, upepo, na watu wameshauza samaki wao wamelala.

Tokeni Moshi alfajiri, mshike barabara ya Dar es Salaam mpaka Mwanga. Hapo ulizieni njia ya kushuka bwawani, na muulize pia kama inapitika, maana vumbi la kule likipata mvua linageuka utelezi. Ulizeni jambo lingine: uvuvi umefunguliwa? Serikali imewahi kulifunga bwawa ili samaki wazaliane, na ukifungwa hamtapata perege, wala msishawishike kununua wa magendo. Bebeni maji ya kunywa ya kutosha na kofia. Ule ni ukanda mkavu, migunga mingi, kivuli kidogo.

Mkiwahi, mtauona Mlima Kilimanjaro upande wa kaskazini kabla mawingu hayajaufunika, na milima ya Upare iko mashariki yenu. Picha pigeni wakati huo.

Mtumbwi ndio watu wanaoutamani, basi nieleze vizuri. Nyavu zinategwa jioni na kuvuliwa alfajiri, kwa hiyo msimsumbue mvuvi kabla hajashusha samaki. Akishamaliza, ndipo mzungumze. Patana naye muda na bei kabla hamjapanda, na umwambie mko wangapi na watoto wangapi. Tazama ndani ya mtumbwi: maji yaliyotuama chini ni mengi kiasi gani, na kopo la kuyachota lipo? Kama anachota mfululizo hata kabla ya kuondoka, shukuru uende kwa mwingine. Kila mtu avae jaketi la kuokolea. Yasipokuwepo ya kuwatosha, wanaokosa wabaki nchi kavu, na watoto wasio nayo wasipande hata kwa kubembeleza. Kaeni chini, msisimame kupigana picha. Mwe mmerudi kabla ya adhuhuri, kwa sababu upepo ukianza, bwawa hilo pana linapiga mawimbi ya kutosha kujaza mtumbwi.

Kuogelea, hapana. Mamba wapo, viboko wapo, na kwenye maji yaliyotulia yenye majani kuna konokono wa kichocho. Najua mtaona vijana wa pale wanaoga; hiyo si ruhusa yenu. Wanaotaka kulala kwenye hema waombe uongozi wa kijiji uwaonyeshe mahali, mbali na ukingo, maana kiboko hutoka usiku kula majani na ana njia zake.

Halafu kuna tope. Bwawa hili linapokea mito ya Kikuletwa na Ruvu, na tangu miaka ya 1960 maji yanazuiwa pale kwa ajili ya umwagiliaji, uvuvi na umeme. Mitambo ya TANESCO, shirika la umeme, ni ya megawati 8. Maji yanayofunguliwa yanashuka na Mto Pangani kwenda mashambani na kwenye mitambo ya umeme ya Hale na New Pangani Falls. Kwa hiyo kiangazi maji yanarudi nyuma sana, na ardhi waliyoiacha inakauka juu tu. Inaonekana kama uwanja wa mpira, kumbe chini ni uji. Piteni wanapopita ng'ombe wa Wamasai wakienda kunywa. Baada ya masika maji yanasogea karibu na bwawa linapendeza zaidi. Penye ukuta na mitambo, ombeni ruhusa kwa walinzi kabla ya kutoa simu.

Sasa chakula. Chagueni perege mwenye jicho angavu na matamvua mekundu. Mbonyeze ubavuni, nyama irudi yenyewe. Mparue magamba kuanzia mkiani kwenda kichwani, mpasue, toa matumbo na matamvua, mchanje mistari mitatu kila upande, chumvi na ndimu ziingie humo. Muacheni akauke maji kwanza. Mafuta yawe ya moto kweli, na msimgeuze mpaka aachie karai mwenyewe. Wengi wana haraka, wanakula vipande. Ugali, pilipili, basi.

Wa kwenda nao nyumbani wapasueni kabisa kabla ya kuwapanga, tumbo likiangalia chini ili maji yachuruzike, barafu chini na juu. Barafu mtoke nayo Moshi. Pale wenye nayo wanawawekea wachuuzi, na mimi ya kwangu sigawi.