Unataka kuandika stori za kuchekesha za vijana LGBT (wanaopenda jinsia yao au zote mbili, na wanaojiona wa jinsia tofauti na waliyozaliwa nayo) na uko Dar? Anza na swali la nani anachekwa

Kabla hujaandika hata sentensi moja, amua nani anachekwa kwenye stori yako. Kwenye komedi zetu tumezoea mwanaume anavalishwa dera, anabana sauti, anarembua macho, watu wanavunjika mbavu, basi utani umeishia hapo. Na yule dogo wa form two aliyekaa nyuma, ambaye anajijua yukoje, anacheka na wenzake huku roho inamuuma. Mimi naandika kwa ajili ya yule dogo. Kwa hiyo kanuni ninayoishikilia kuliko zote ni hii: mhusika wako ndo awe mwenye macho, yeye ndo anaona vituko vya konda, vya mwalimu wa zamu, vya shangazi anayejua kila kitu, na sisi tunacheka pamoja naye. Ukiona sehemu umechekesha kwa sababu tu mtoto anatembea hivi au anaongea vile, ifute hata kama ni tamu.

Sasa hapo Kiswahili kimetubeba sana aisee. Mwandishi wa Kiingereza akimtaja mtu kwa "he" au "she" mara moja tu ameshasema ni wa kiume au wa kike, sisi tunasema amekuja, anampenda, kanitumia meseji, na msomaji hajui chochote mpaka utake wewe. Mpenzi, mchumba, mtu wangu, yote hayana jinsia. Hiyo ni mali, itumie. Chukua mfano huu, jikoni Tandika, mama anachambua mchele, binti amekaa kwenye mbuzi anakuna nazi:

"Huyo anayekupigia kila saa nne usiku ni nani?"
"Rafiki yangu mama."
"Anafanya kazi?"
"Anasoma, uhasibu."
"Anasali?"
"Anasali."
"Anakula nini, maana nyie watoto wa siku hizi chipsi tu."
"Anapenda mchicha wa nazi."
Mama akaweka ungo chini. "Huyo ndo mtu. Sasa atakuoa lini?"
Mbuzi ikanyamaza. "Mama, nazi imeisha."

Umeona kilichotokea? Binti hajadanganya hata neno moja, na mama ameshampenda mkwe wake bila kumuona, halafu kinakuja kitenzi kimoja tu, kuoa, ambacho kwetu kina upande, kuna anayeoa na kuna anayeolewa, na hapo ndo mlango unapobana. Kicheko kinatoka kwenye maswali ya mama, na mama mwenyewe hatumdharau, tunampenda kwa sababu wote tuna mama wa hivyo. Ukiweza kuandika kurasa 3 za namna hii umeshajua kazi.

Neno lingine la kuchezea kwa uangalifu ni shoga. Wanawake wa pwani wanaitana shoga, shogangu, yaani rafiki wa moyoni, hakuna anayeshtuka, ila neno hilohilo mtupie mvulana pale kituoni Buguruni ni tusi na inaweza kuwa ngumi. Stori nzima inaweza kusimama kwenye neno hilo, mvulana anayesikia dada zake wanaitana hivyo kwa mapenzi kutwa nzima, halafu akitoka nje analisikia kama jiwe. Hapo unachekesha na unauma kwa wakati mmoja, na usiogope kuuma, ila usiishie kwenye kuuma.

Nasema hivyo kwa sababu stori hizi zilichelewa sana kuruhusiwa kucheka. Marekani kitabu kinachohesabiwa cha kwanza cha vijana kugusa jambo hili kilitoka 1969, na kwa miaka mingi baada ya hapo mhusika wa aina hii alikuwa anapata ajali, anafiwa au anabaki peke yake. Komedi za mapenzi zenyewe zilianza kushika kasi miaka ya 2000. Hata mimi mhariri mmoja aliwahi kuniambia stori yangu ni nzuri ila mwishoni yule kijana agongwe na gari ili jamii ipate funzo. Niliichukua stori yangu nikaondoka, na mpaka leo sijutii. Mwache mtoto aishi, afeli mtihani wa hesabu, aachwe na daladala, apendwe.

Kuhusu namna ya kuijenga kazi yenyewe, mtu wa kumsoma safari yake ni Alice Oseman wa Uingereza. Kitabu chake cha kwanza kilitoka 2014 akiwa hata miaka 20 hajafika, na humo walikuwepo wavulana wawili wapenzi, wahusika wa pembeni tu, Nick na Charlie. Akawapenda, 2016 akaanza kuwachora kama katuni ya mtandaoni, anaachia bure kidogo kidogo, 2018 wasomaji wakachanga hela akachapa mwenyewe juzuu ya kwanza ya Heartstopper, baadaye ndo mchapishaji mkubwa akaichukua, na 2022 ikawa tamthilia Netflix. Huo mtindo wa kuachia vipande sisi tunaujua vizuri kuliko wao, si ndo simulizi zetu za WhatsApp hizi, sehemu ya kwanza bure, "itaendelea", ukitaka yote tuma hela kwa simu. Kwa hiyo jifunzie huko kukata sehemu pale mtu anapotaka kujua zaidi, ila jifunzie kwa stori za kawaida za vijana, vituko vya shule na mtaa, kwa sababu za LGBT siwezi kukushauri uzimwage kwenye magrupu ya hapa.

Hapa nakuomba usome taratibu. Kifungu cha 154 cha Kanuni ya Adhabu kinatoa kifungo cha maisha, na si chini ya miaka 30, kwa kile kinachoitwa kuingiliana kinyume cha maumbile, na ndicho kinachotumika dhidi ya wanaume wa mapenzi ya jinsia moja. Kinaadhibu tendo, sio hadithi, lakini tuna pia sheria ya makosa ya mtandao ya 2015 na kanuni za maudhui ya mtandaoni, na mtaani watu hawasubiri sheria. Kwa hiyo tumia jina la kalamu, na lifungulie barua pepe yake peke yake isiyounganishwa na namba yako. Usiandike kisa cha mtu unayemjua kwa namna ambayo jirani yake atamtambua, badilisha mtaa, shule, kazi ya baba, kila kitu. Na kama wahusika ni wanafunzi, mapenzi yaishie kwenye kutazamana, kushikana mikono, meseji iliyotumwa kwa mtu asiye sahihi, maana unaandikia watoto na komedi yote iko hapohapo.

Na usiulizwe wewe ni nani ukaona lazima ujibu. Becky Albertalli, mwandishi wa Marekani wa riwaya za vijana wa aina hii, alisukumwa na watu kuhusu maisha yake mpaka 2020 akaandika hadharani kwamba anavutiwa na jinsia zote mbili, na alisema wazi hakutaka kulazimika kusema namna ile.

Pa kupeleka: majarida na mikusanyo ya hadithi fupi ya nje ya nchi, kwa hiyo tafuta mtu unayemwamini akusaidie tafsiri. Hadithi fupi usiidharau. Monica Arac de Nyeko wa Uganda alichukua tuzo ya Caine, ya hadithi fupi za Waafrika, 2007 kwa hadithi ya wasichana wawili wa Kampala wanaopendana, na kutoka humo ikapatikana filamu ya Kenya, Rafiki, ya kwanza ya nchi hiyo kuchaguliwa kwenye tamasha la Cannes, 2018, japo nyumbani ilipigwa marufuku. Sio komedi, ila ona kurasa chache zilivyotembea.

Hela itachelewa, kwa hiyo kazi yako ya mchana usiiache. Ukimaliza stori msomee mtu mmoja kwa sauti, mmoja tu unayemwamini, usimwangalie usoni, sikiliza anavyopumua, pale alipocheka weka alama, pale alipokaa kimya pia weka. Mimi ile ya mama na mchele nilimsomea rafiki yangu usiku umeme umekatika, kufika kwenye mchicha wa nazi akacheka, kufika kwenye kuoa akanyamaza kama ile mbuzi, halafu akaniambia soma tena kuanzia kwenye ungo.