Somo: Kufuga galaksea tangini, kuanzia maji hadi majirani

Salaam wapenzi wa matangi ya viumbe vya baharini. Somo la leo ni la tumbawe gumu liitwalo kitaalamu Galaxea fascicularis, maarufu madukani kwa jina la galaksea. Kwetu pwani ya Afrika Mashariki lipo, Bahari ya Shamu lipo, na ukielekea mashariki utalikuta hadi Pasifiki. Hata kwenye maji yenye tope karibu na ufuo linaishi.

Lisogelee ulitazame. Ni vijibomba vya mawe, upana wa kama sentimita 1 au pungufu, vimebanana kama vikombe vya kahawa kwenye sinia. Mdomoni mwa kila kimoja kuna vijisu vyembamba vinavyochoma kidole kweli. Humo ndani anakaa polipi mmoja, yaani mnyama mwenyewe, wa kijani au kahawia, na minyiri yake ina ncha nyeupe kama imechovywa kwenye chokaa. Kipande cha dukani hutosha kiganjani, lakini baharini fungu moja huweza kupita mita 5 kwa upana.

Hatua ya 1: Maji
Tumia maji ya RO, yaani yaliyochujwa kwa kusukumwa kupitia utando wenye vitundu vidogo mno, na chumvi ya matangi. Maji ya bomba huweza kuja na shaba, na shaba huua matumbawe. Chumvi gramu 35 kwa kila kilo ya maji, joto nyuzi 24 hadi 27, kalisi miligramu 400 hadi 450 kwa lita, alikalini (uwezo wa maji kuzuia asidi) 8 hadi 9 kwa kipimo kiitwacho dKH, magnesi miligramu 1250 hadi 1350 kwa lita. Amonia na nitriti ziwe sifuri kabisa. Kisha subiri tena miezi michache, tangi likomae. Namba ikiwa juu au chini kidogo, usiwe na papara ya kuirekebisha, kwani kinachoumiza tumbawe zaidi ni kupanda na kushuka.

Hatua ya 2: Mahali
Hapa ndipo wengi tunapokosea, nami nimo. Duka nililonunua kipande changu cha kwanza waliniambia ni tumbawe pole, nikaliweka sentimita 8 tu kutoka kwa jirani yake. Mchana yote yalikuwa shwari. Siku ya nne asubuhi jirani alikuwa na baka jeupe upande mmoja, nyama imetoka, kiunzi kinaonekana. Usiku ule niliamka saa 9, nikawasha tochi yenye taa nyekundu. Niliona minyiri miwili mitatu, myembamba kama uzi wa kushonea, imenyooka kufuata mkondo wa pampu na kumpapasa jirani palepale penye baka. Hiyo ni minyiri ya vita. Imejaa seli za sumu, na huweza kufika sentimita 30. Baharini nafasi ni mali, na galaksea huilinda yake hivyo.

Basi acha sentimita 25 hadi 30 pande zote, hasa upande mkondo unakoelekea. Tangi lako likiwa dogo, lipe galaksea jiwe lake peke yake mchangani.

Hatua ya 3: Kuliingiza
Acha mfuko uliokuja na tumbawe uelee juu ya maji ya tangi kwa dakika 20 hadi 30, halafu dondoshea maji ya tangi taratibu. Lichovye kwenye dawa ya matumbawe kuondoa wadudu, lisuuze, na maji ya mfukoni uyamwage nje.

Hatua ya 4: Mwanga, mkondo, chakula
Lianzie chini, kwenye mwanga wa wastani. Vijimwani vinavyoishi ndani ya nyama yake ndivyo vinavyolilisha kwa sehemu kubwa, na vinahitaji muda kuzoea taa mpya. Mkondo uwe wa kubadilikabadilika. Ukipiga upande mmoja tu, unaipeleka minyiri mbali zaidi. Mara 1 au 2 kwa wiki lipe atemia (vijiduvi vya maji ya chumvi) au planktoni, viumbe vidogo vinavyoelea majini.

Maswali ya wanachama

*Shikamoo mwalimu. Niko Tanga, maji yakitoka naliona mwambani. Nikichukua kipande kimoja kuna ubaya?*
Marahaba mwanangu. Usichukue. Matumbawe magumu yote yamo kwenye Kiambatisho cha II cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, na kuyang'oa bila kibali kutakuingiza matatani. Halafu kumbuka mwaka 1998, joto lilipoyapausha matumbawe kutoka Kenya hadi Msumbiji na Shelisheli. Yaliyosalia mwambani ndiyo wazazi. Galaksea huzaa kwa kumwaga mayai na mbegu majini, na makundi yakiwa mbalimbali mno, hayakutani. Tafuta kipande kilichokatwa tangini kwa mtu.

*Ncha nyeupe ndiyo kupauka?*
Hapana, dada, hiyo ni rangi yake. Likipauka, mwili mzima huwa mweupe, maana vijimwani vimetoka.

*Kaka, huku kwetu umeme hukatika saa nzima hadi tatu. Nianze kuokoa nini?*
Hewa. Taa zikizimika hata siku nzima tumbawe litavumilia, lakini maji yakisimama, oksijeni huisha. Nunua pampu ya hewa ya betri leo, kabla ya kununua tumbawe jingine.

*Langu lina ute wa kahawia kama ugali uliochacha, na unaenea. Bado naweza kuliokoa?*
Usingoje kesho, ndugu yangu. Zima pampu, ufyonze ute wote kwa mpira mwembamba ili usisambae, kisha toa tumbawe nje. Vaa glavu na miwani. Vijibomba vimeshikana kwa mawe mepesi yenye mapovu, hivyo koleo la kukatia litapita katikati yake bila shida. Kata ukiingia kwenye sehemu nzima, vijibomba viwili zaidi ya palipooza. Vizima vichovye kwenye maji ya tangi yenye iodini, vibandike kwa supa glu nzito juu ya kijiwe, na uviweke peke yake penye mkondo mpole. Nilianza na vijibomba vitatu vilivyobaki hivyohivyo, na sasa ni ishirini na moja.