Kukuza yungiyungi la samawati uani, hapa Kisumu

Yungiyungi langu la kwanza nililiua kwa kulidekeza. Nililipanda kwenye samadi ya ng'ombe, nikalizamisha kwenye maji ya kina cha mita moja, nikakaa kungoja maua. Wiki ya pili maji yalikuwa mazito na ya kijani kama mrenda, na kiazi nilipokiopoa kilikuwa kimeoza. Ndiyo sababu hapa chini nitang'ang'ania mambo mawili kuliko mengine: udongo na kina.

Hatua ya 1: Mahali na chombo

Usikimbilie jembe. Tangi kuukuu la plastiki lililokatwa nusu, lenye upana wa mita moja hivi na kina cha sentimita 50 au 60, linatosha. Mwenye uwanja mkubwa anaweza kuchimba na kutandika dam lina, ile karatasi nyeusi ya wafugaji wa samaki. Liweke panapopata jua saa sita kwa siku au zaidi; chini ya mwembe utavuna majani matupu. Nyumba ikiwa na watoto wadogo, funika kwa wavu wa chuma.

Mayungiyungi ya kitropiki hupenda maji yenye joto la nyuzi 21 kwenda juu. Kisumu hilo halitusumbui. Ndugu zetu wa Nakuru, mnaokaa juu zaidi na kulala na blanketi mbili, tumieni chombo cheusi kisicho na kina kirefu, mkiweke karibu na ukuta unaopigwa na jua la mchana, na msishangae mmea ukikawia.

Hatua ya 2: Udongo

Tafuta udongo mweusi wa mfinyanzi, ule wa uwanda wa Kano unaong'ang'ania gumbuti ukipita Ahero baada ya mvua. Jaza beseni pana la lita 15 hivi. Usichanganye samadi, mboji wala maranda: vitu hivyo huelea, huoza na kulisha mwani. Chakula cha mmea ni kijiko kimoja cha chai cha mbolea ya dukani ya NPK 17:17:17 kilichofungwa kwenye kipande cha gazeti na kuzikwa chini kabisa, mbali na kiazi. Mmea ukishaanza kuchanua, zika kingine kila mwezi.

Hatua ya 3: Mche

Ukipewa mche uliotoka ziwani au kwenye kinamasi, usiutumbukize moja kwa moja. Baadhi ya konokono wa majini hubeba kichocho, na mayai yao hujibandika chini ya majani kama matone ya ute. Vaa glavu, osha kila jani, ng'oa majani yote makuukuu, kisha uweke mche kwenye ndoo yake kwa wiki mbili ukiukagua. Tazama pia kama kuna kipande cha gugumaji kilichodandia. Hicho hakihitaji mwongozo wa mtu ili kiote.

Hatua ya 4: Kupanda

Loanisha udongo kwanza. Simamisha kiazi katikati ya beseni, pale majani yanapochipukia pakichungulia juu ya udongo. Ukipafukia, umerudia kosa langu kwa njia nyingine. Tandaza changarawe juu ili udongo usichafue maji.

Panga matofali bwawani, weka beseni juu yake, maji yapite chipukizi kwa sentimita 10 hadi 15 tu. Majani yakifika juu na kutanda, toa tofali moja. Ngoja tena, toa jingine. Ishia sentimita 30 au 40. Maji ya bomba yaache siku mbili klorini ipungue. Ya mvua ni bora. Chemchemi ya kurusha maji usiiweke, kwani yungiyungi halipendi majani yake yarushiwe maji kutwa.

Hatua ya 5: Mbu na wadudu

Maji yaliyotulia hapa kwetu ni malaria. Tia gapi wachache, wale samaki wadogo wanaokula viluwiluwi vya mbu. Ngege, yaani tilapia, usimtie: dume lake huchimba kiota na kufukua kila ulichopanda. Vidukari wakivamia majani, wazamishe kwa mpira wa maji, samaki watakula; dawa ya kunyunyiza itaua samaki. Jani la manjano likate chini kwenye shina.

Ua moja hufunguka na kufunga kwa siku tatu au nne, kisha huzama. Kabla hujanunua, jiulize uko nyumbani saa ngapi. La samawati, Nymphaea nouchali, hufunguka asubuhi na kujifunga alasiri. Mimi hutoka saa moja asubuhi na kurudi giza likiingia, kwa hiyo miezi mitatu niliona vichwa vilivyofumba tu, huku mama mkwe akinisimulia uzuri wake. Sasa nina beseni la pili lenye Nymphaea lotus, jeupe, linalofunguka jioni ninapovua viatu.